Klipu za nje za gari: maswali ya wanaozibadilisha wenyewe nyumbani

Gari nililojifunzia ni RAV4 ya mwaka 2004, ile ambayo mjini Dar wanaiita Kilitime, na mifano mingi humu imetoka kwenye gari hilo. Mwenye X-Trail, Forester, CR-V, Harrier au Prado asiondoke: klipu zake ni ndugu wa hizi, na makosa yanayozivunja ni yaleyale. Maswali nimeyapanga jinsi mtu anavyoyauliza akiwa amechuchumaa kando ya tairi, bisibisi mkononi.

Klipu ni zipi hasa?

Ni vile vidude vyeusi vya plastiki, vyenye kichwa cha mviringo kama kifungo cha koti, vinavyoshika karibu kila plastiki iliyoko nje ya bodi. Ukifungua boneti utaziona zimejipanga juu ya shoo, ule uso wa mbele wa gari. Ukiinama kwenye tundu la tairi utaziona zimeishikilia fenda ya ndani, ile plastiki nyeusi inayozuia tope. Nyingine ziko kwenye kava la chini ya injini, kwenye pembe za bampa, na kwenye kava la chini ya kioo pale waipa zinapotokea. Zinazoshika mapambo ya upinde wa tairi na moldingi za milango, zile fito za ubavuni, huzioni kabisa, kwa sababu ziko mgongoni. Dukani wengine huziita klipsi, wengine pini, wengine vishikizo. Ukienda na moja mfukoni hutahitaji jina.

Mbona zinakatika zenyewe, hata sijazigusa?

Zimezeeka. Nyingi ni za nailoni, na nailoni ina tabia ambayo ukiielewa utasamehe mambo mengi: hunywa unyevu wa hewa, na unyevu huo ndio unaoifanya ipinde bila kuvunjika. Ikikaa miaka karibu na joto la injini, ikipigwa jua mchana kutwa, inakauka na kuchoka mpaka inakuwa kama biskuti. Unaigusa na bisibisi, kichwa kinabaki mkononi na shina linabaki kwenye tundu.

Halafu angalia umri wa magari yetu. Kenya haipokei gari lililotumika likiwa limezidi miaka 8. Tanzania linaingia hata lenye miaka 20, mradi ulipe ushuru wa uchakavu. Kwa hiyo gari linaposhuka bandarini klipu zake zimeshamaliza ujana wake Japani.

Kuna jambo jingine ambalo watu hawalipendi wakilisikia: klipu imetengenezwa iwe dhaifu kuliko kitu inachokishika. Ukigonga jiwe, inatakiwa ikatike yenyewe ili sikio la bampa lisikatike. Klipu ni shilingi mia kadhaa. Sikio la bampa likikatika, unazungumza habari za bampa zima.

Kwangu zimebaki mbili tatu na plastiki haijaanguka. Kuna haraka gani?

Inategemea ni plastiki ipi. Kava la juu ya shoo likikosa klipu mbili, litacheza kidogo tu, unaweza kusubiri hadi mwisho wa mwezi. Moldingi ya mlango iliyolegea ni aibu zaidi kuliko hatari, ingawa inasugua rangi taratibu, na kwa sisi tunaokaa pwani, rangi ikishachubuka hewa ya chumvi inamalizia kazi.

Fenda ya ndani na kava la chini ya injini usizisubirishe. Fenda ya ndani ikikosa klipu za mbele, upepo unaikunja kurudi nyuma hadi inakutana na tairi. Utasikia mvumo, kisha harufu ya plastiki iliyoungua. Kava la chini nalo hugeuka koleo. Nenda na gari lenye kava lililolegea mbele mpaka Jangwani siku ambayo Msimbazi umepanda barabarani: maji yanaingia juu ya kava, yanalisukuma chini, na klipu zilizobaki zinang'oka kwa mpigo. Nimeshawahi kuona kava la gari la mtu linaelea kama mtumbwi na mwenye gari hana habari, anaendelea na safari.

Fundi wangu huwa anapiga skrubu. Si inashika vizuri zaidi?

Inashika vizuri kupita kiasi, na hapo ndipo ubaya ulipo. Gari langu liliwahi kurudi kutoka gereji moja nilikolipeleka kubadilishiwa taa ya mbele. Nje lilikuwa safi. Baada ya wiki chache za masika nikaona mstari mwembamba rangi ya chai unatiririka kutoka kwenye ukingo wa fenda. Kumbe klipu tatu zilipotea, na mahali pake pakapigwa skrubu za bati, zile za kupigia paa. Mbili zilitoboa mahali pasipokuwa na tundu. Chuma kilichotobolewa hakikupakwa chochote, kikaanza kutu. Ya tatu ilikuwa ndefu, ncha yake imebakiza unene wa ukucha kulifikia tangi la maji ya waipa.

Zaidi ya kutu, skrubu haikatiki. Siku ukikwangua ukingo wa barabara, plastiki yenyewe ndiyo inayochanika kuizunguka.

Tai za plastiki, zile za kubania nyaya, mimi sizichukii. Ninazo nne ndani ya gari siku zote. Plastiki ikining'inia njiani, simama mahali salama, toboa mbili, funga, nenda nyumbani taratibu. Ila zikishafika nyumbani zikatwe na klipu ziwekwe. Nimeona magari yanayotembea na tai hizo miaka mitatu, zimekuwa kama mishono ya operesheni.

Nitajuaje namna ya kuifungua? Zote zinafanana.

Hapa ndipo pa kutulia, kwa sababu klipu nyingi hazifi kwa uzee, zinauawa na mtu aliyezifungua kwa njia isiyo yake. Ifute tope kwanza kwa mswaki wa zamani na maji, kisha iangalie kichwa kwa tochi.

Kama kichwani pana duara dogo lililo sawasawa na uso wa klipu, halina alama wala mfereji, hiyo ni ya kubonyeza. Weka ncha ya bisibisi nyembamba au hata kalamu katikati, bonyeza mpaka duara lizame kidogo na usikie "tk". Acha hapohapo. Miguu ya klipu imeshajikunja, unaivuta yote kwa kucha. Anayeanza huendelea kubonyeza kwa kuwa haamini kwamba imeshafunguka, na pini inapenya inaangukia ndani ya bampa. Hiyo umeipoteza.

Kama duara la katikati lina kamfereji pembeni, au limepanda kidogo juu ya kichwa, hiyo ni ya kuinua. Ingiza bisibisi fleti nyembamba kwenye kamfereji, inua pini peke yake hadi isimame kama uyoga, halafu ndipo uvute klipu nzima. Ukianza kwa kuvuta klipu nzima pini ikiwa bado iko chini, utavunja miguu, kwa sababu pini ndiyo inayoitanua.

Kama ina alama ya msalaba ya bisibisi ya nyota, tumia mkono mwepesi. Inazungushwa robo au nusu mzunguko, pini inapanda yenyewe. Usiikandamize unapozungusha. Meno yake ni ya plastiki, ukikandamiza yanasagika na pini inabaki inazunguka bila kupanda. Ikikufanyia hivyo, ingiza kitu chembamba chini ya kichwa, inua kidogo huku unazungusha, mara nyingi inakubali.

Halafu kuna zisizo na pini kabisa, zenye shina la matawimatawi kama mfupa wa samaki. Hizi hazina ujanja, zinavutwa tu, na zikitoka matawi yake yamenyolewa. Hesabu kwamba kila uliyoitoa utanunua nyingine.

Za mwisho ni zile za mgongoni mwa mapambo, ambazo kichwa chake kimechomekwa kwenye reli ya pambo na shina lake linaingia kwenye bodi. Nitazieleza zaidi kwenye swali la upinde wa tairi.

Nahitaji vifaa gani?

Vichache. Bisibisi fleti nyembamba, bisibisi ya nyota, plaizi ya mdomo mrefu, tochi, tepu ya karatasi ya wapiga rangi, na kile kipande cha plastiki kama mwiko chenye ncha iliyogawanyika mfano wa ulimi wa nyoka, kinachouzwa kwenye maduka ya vifaa vya gari. Ukikosa hicho, mwiko wa mbao uliochongwa ncha unafanya kazi, ila uombe ruhusa jikoni. Soketi namba 10 iwe karibu, maana kwenye Toyota nyingi kava la chini limechanganya klipu na bolti za namba hiyo.

Na kipande cha boksi la karatasi. Chora juu yake umbo la kitu unachokifungua, toboa mahali pa kila klipu, na kila unayoitoa ichomeke palepale ilipotoka. Klipu zinazofanana kwa macho hutofautiana urefu wa shina kwa milimita mbili, na milimita mbili hizo ndizo zinazofanya moja icheze na nyingine isiingie.

Nipime nini kabla ya kwenda dukani?

Vitu vitatu: upana wa tundu la bodi, urefu wa shina kuanzia chini ya kichwa, na upana wa kichwa. Watu hupima kichwa peke yake kwa kuwa ndicho wanachokiona, kumbe klipu inashika kwa tundu. Ukiwa na venia kalipa, kile kipimo cha milimita chenye taya mbili, ni kazi ya dakika moja. Usipokuwa nayo, tumia biti za drili: ile ya milimita 7 ikiingia kwa kubana kidogo, tundu lako ni la 7. Kwenye magari ya Kijapani utakutana zaidi na 6, 7, 8 na 10.

Kama ile ya zamani imeshasagika, mpelekee muuzaji nzima iliyotoka upande wa pili wa gari. Kushoto na kulia kwa kawaida ni sawa.

Njia ya uhakika zaidi ni namba ya spea. Klipu nyingi za Toyota huanza na 90467, na tarakimu mbili zinazofuata mara nyingi hutaja kipimo cha tundu, kwa hiyo 90467-07 na kuendelea huwa ni za tundu la milimita 7. Nissan utaona 01553, Honda 91505. Mpe muuzaji namba ya chesisi nzima, siyo "RAV4 new model". Ya kwangu huanza na ACA21, na mwenye katalogi anaiona gari mpaka ndani.

Ninunue wapi?

Dar, Gerezani na Kariakoo. Nairobi, Kirinyaga Road. Nenda asubuhi kabla hawajachoka na wateja, na usinunue kwa kuangalia picha ya simu pekee. Nunua zaidi ya hesabu yako kwa tatu au nne, kwa sababu moja itaanguka chini ya gari na hutaiona tena hadi mwakani, na nyingine utaiharibu wewe mwenyewe.

Klipu za kung'oa kwenye magari yaliyokatwa sizishauri, hata kama muuzaji anasema ni "og", yaani orijino. Ni og kweli, lakini ina umri uleule wa ile iliyokukatikia.

Yale maboksi ya klipu mia kadhaa za mchanganyiko yanafaa?

Yanafaa kwa nusu ya kazi. Ninalo moja na ninalitumia kwenye fenda ya ndani na kava la juu ya shoo, mahali ambapo klipu ikiachia nitaiona mapema. Tatizo lake ni vichwa vyembamba na pini zinazolegea baada ya kufunguliwa mara mbili. Kwa kava la chini ya injini na mapambo ya upinde, nunua zenye namba ya gari lako.

Naweza kubadilisha klipu za fenda ya ndani bila kutoa tairi?

Nyingi, ndiyo. Ujanja uko kwenye usukani. Ukiwa unashughulika na tairi la mbele la kushoto, kata usukani wote kulia: sehemu ya mbele ya tairi inaingia ndani na klipu za upande wa bampa zinabaki wazi. Kata wote kushoto, zinafunguka za nyuma, upande wa mlango. Kwa tairi la kulia ni kinyume chake. Zima gari, vuta hendibreki, weka gia kwenye P au gia ya kwanza, kisha kaa kwenye ndoo iliyopinduliwa. Mgongo utakushukuru.

Zile mbili tatu za juu kabisa, nyuma ya springi, ndizo zinazokataa, na kwa hizo utatoa tairi. Ukipandisha gari, weka stendi. Jeki peke yake si ya kuaminiwa na mtu mwenye watoto. Na kama kazi ni ya kava la chini ya injini na gari liko juu ya jeki tu, acha, nenda kwenye gereji yenye shimo uombe nafasi ya dakika 20.

Tope lililokauka nyuma ya fenda ya ndani litakumwagikia usoni. Funga macho, funga mdomo, au mwagia maji kabla.

Pambo la upinde wa tairi nalitoaje bila kuchubua rangi?

Kwanza tafuta skrubu. Kwenye RAV4 yangu pambo limeshikwa na skrubu upande wa ndani wa tundu la tairi, zimefunikwa na tope kiasi kwamba mara ya kwanza niliapa hazipo. Nilivuta, pambo likapinda, likatoa mlio wa kukatisha tamaa, na mpaka leo lina mstari mweupe pale lilipojikunja. Kwa hiyo papasa ukingo wote kwa kidole, sugua kwa mswaki, toa skrubu zote, toa na klipu za fenda ya ndani zinazopita kwenye pambo.

Kisha bandika tepu ya karatasi kwenye rangi ya gari kulizunguka pambo lote, tabaka mbili. Tepu hii si mapambo. Chembe moja ya mchanga kati ya mwiko wako na rangi inatosha kuchora.

Gari lipate joto. Lianike juani nusu saa, au pitisha draya ya nywele. Ukiwa Njombe au Makete asubuhi ya Julai, usifanye kabla ya saa tano, maana plastiki ya baridi haipindi, inapasuka.

Anzia mwisho mmoja, siyo katikati. Ingiza mwiko wa plastiki chini ya ukingo karibu kabisa na klipu ya kwanza, siyo kati ya klipu mbili, na vuta kuelekea kwako moja kwa moja kutoka kwenye bodi. Ukivuta kuelekea juu au chini unakata shina. Utasikia "tak", sogea kwenye ya pili. Baadhi ya mapambo yana kipande cha tepu ya gundi kwenye ncha pamoja na klipu. Ukiona ncha haiji, ipashe tena joto na uikate taratibu kwa uzi wa kuvulia samaki ukiuvuta huku na huku kama msumeno.

Pambo likitoka, baadhi ya klipu zitakuja nalo na nyingine zitabaki kwenye bodi. Zote ziondoe. Mpya zichomeke kwenye reli za pambo kwanza, zote, kila moja imeelekea pale lilipo tundu lake, na zile zenye raba au sponji ya duara shingoni usizichanganye na zisizo nayo. Raba ile inazuia maji yasiingie ndani ya bodi kupitia tundu.

Wakati wa kurudisha, lenga klipu ya katikati, halafu nenda pembeni, ukipiga kwa kiganja juu ya kila klipu. Kiganja, siyo nyundo, na siyo ngumi ya hasira. Kama kiganja hakitoshi, shina halijalengana na tundu. Toa, angalia, rudia.

Shina limekatikia ndani ya tundu. Nifanyeje?

Kama lina kinundu nje, libane kwa plaizi ya mdomo mrefu na ulivute huku unalizungusha. Kama limekatika sawasawa na bodi, lisukume ndani. Wengi huogopa hapo, lakini kipande kile hakina madhara makubwa isipokuwa kelele: kitagongagonga ndani ya fenda au kizingiti cha mlango kila ukipita tuta. Ukiweza kukifikia kwa sumaku... hapana, ni plastiki, sumaku haitakusaidia, na nimeshawahi kumwona mtu akijaribu. Tumia waya wenye ncha iliyopakwa gundi ya panya. Ukishindwa, kiache.

Kitu kimoja usifanye: kuziba matundu mengine yaliyo chini ya milango na vizingiti kwa kudhani ni matundu ya klipu zilizopotea. Mengine ni ya kutolea maji. Ukiyaziba, maji yanakaa ndani na mlango unaoza kutoka chini.

Tundu limepanuka, klipu mpya inacheza.

Kama ni tundu la plastiki, tafuta klipu yenye kichwa kipana zaidi na shina nene kwa milimita moja. Kama ni la chuma, panda saizi moja, 7 uweke 8, lakini baada ya kuhakikisha kwamba tundu limepanuka kweli na halijaliwa na kutu. Kutu ikiwepo, sugua kwa msasa hadi uone chuma kinang'aa, pakaa praima, pakaa rangi, subiri ikauke kabisa, kesho yake ndipo uweke klipu. Kuzungushia shina tepu ya umeme ili libane ni kazi ya jioni moja. Joto likija, gundi ya tepu inalainika na pambo linateleza nje.

Silikoni nayo naiona sana. Inashika, sikatai. Siku utakayohitaji kulifungua pambo hilo ndipo utakapolia.

Moldingi ya mlango wangu haina klipu, inabanduka tu. Nibandike na supaglu?

Usibandike. Supaglu ikikauka ni ngumu kama kioo, na mlango unaopigwa kila siku unaipasua, halafu unabaki na rangi iliyobanduka. Nyingi za moldingi hizo zilishikwa na tepu ya sponji ya pande mbili, ya akriliki, wakati mwingine pamoja na klipu moja kila mwisho. Ondoa tepu ya zamani yote, futa pande zote mbili kwa spiriti, usiguse tena kwa vidole, bandika tepu mpya ya magari, weka moldingi na uikandamize kwa nguvu kila inchi. Tepu za aina hii, kwenye joto la kawaida la chumba, hufikia karibu nusu ya nguvu yake baada ya dakika 20, asilimia 90 baada ya saa 24, na yote baada ya saa 72. Kwa hiyo usikimbilie kuosha gari jioni hiyohiyo, na siku tatu za kwanza usipige pampu ya presha pale.

Klipu mpya haiingii, inagoma kabisa.

Kama vipimo ni sahihi, iloweke kwenye kikombe cha maji ya moto, kama ya chai, dakika tatu nne. Nailoni inalainika na kupata unyevu, inaingia bila ugomvi. Usipake grisi wala mafuta ya injini. Ukitaka kuteleza, maji ya sabuni yanatosha, yatakauka.

Na zile za kubonyeza zina mtego wake wakati wa kurudisha. Ukiichomeka pini ikiwa imezama, haitashika. Isukume pini kutoka nyuma hadi ichomoze juu ya kichwa, ingiza klipu kwenye tundu, kisha bonyeza pini mpaka ilingane na kichwa. Ikilingana imefunga. Ikizama zaidi, imefunguka tena.

Bampa langu lina sensa. Kuna cha kuogopa?

Kuna cha kuheshimu. Nyuma ya bampa pana nyaya za sensa za kuegeshea, za taa za ukungu, na kwenye magari mapya zaidi rada za kuangalia upande usioonekana. Zima gari, na bampa likiachia usilivute kwa furaha. Chungulia kwanza, tafuta soketi za nyaya, bonyeza ulimi wake, zichomoe. Mtu wa pili ashike upande mwingine. Bampa likining'inia kwa waya, waya ndio utakaokatika. Rada ikiwa imesogezwa kutoka mahali pake, mwachie mwenye mashine ya kuipima.

Inachukua muda gani?

Klipu za juu ya shoo, muda wa kunywa soda. Fenda ya ndani moja, saa moja kama ni mara ya kwanza. Pambo moja la upinde, pamoja na kusubiri jua, nusu siku. Mapambo yote manne usiyafanye Jumapili jioni ukiwa unalitegemea gari Jumatatu.

Nimebadilisha zote na bado kuna kelele.

Piga bodi kwa kiganja gari likiwa limesimama, tairi moja baada ya jingine, mtu mwingine akisikiliza upande wa pili. Kelele ya klipu ni "tatata" nyepesi inayobadilika na spidi ya upepo. Ukiifuata barabara ya lami bila matuta utaisikia ikianza kwenye spidi ileile kila mara. Kelele inayotokea kwenye matuta tu huwa ni ya chini, stelingi au shokamzoba, na hiyo haihusiani na ukurasa huu. Kabla ya kufika huko, shika namba ya gari, ya mbele na ya nyuma, uitikise. Mimi nilifungua fenda mbili nzima nikitafuta kelele iliyokuwa ya kibati cha namba kilichopoteza skrubu moja.